Kwa mnaoripoti mwaka wa kwanza Mwanza: msongo mwingine una karatasi na tarehe

Wadogo zangu mnaoanza chuo, mkishuka stendi ya Nyegezi na mabegi na magodoro mtakutana na watu wengi wa kuwaambia msome kwa bidii. Ni ushauri mzuri, ila kusoma mnajua, ndiyo maana mmefika. Mimi nataka kuzungumzia kinachowaangusha watu wanaojua kusoma. Nilisoma upande wa Malimbe, nikabaki hapa hapa jijini, na sasa nafanya kazi kwenye ofisi ya wanafunzi ya chuo kimoja. Mtu anaingia amekonda, halali, hajatokea darasani wiki nzima, anasema "nina msongo wa mawazo". Nikimuuliza taratibu, mara nyingi chini ya msongo nakuta karatasi: barua ya ada aliyoificha kwenye begi, sapu (mtihani wa kurudia) ambayo nyumbani hawaijui, rufaa ya mkopo ambayo dirisha lake lilifungwa yeye akiendelea kujipa moyo.

Ugonjwa wa kweli upo, nitaufikia. Ila anzeni kwa kutenganisha. Tatizo lenye karatasi na tarehe lipeleke kwa mwenye karatasi kabla tarehe haijapita. Lisilo na karatasi lipeleke kwa daktari. Ninaowaona mimi hufanya kinyume: la ada wanalipeleka kwenye mkesha wa maombi, la ugonjwa wanalimalizia kwa marafiki wa hosteli.

Tuanze na fedha, maana ndipo usingizi wa wengi unapopotelea. Mwenye mkopo kamili wa Bodi ya Mikopo anapewa shilingi 10,000 kwa siku ya chakula na malazi, kiwango kilichopandishwa mwaka 2022 kutoka 8,500. Shida ni kwamba bumu, yaani fedha hiyo ya kujikimu, haliji kila asubuhi. Linakuja kwa mkupuo, la karibu miezi miwili, na kijana ambaye hajawahi kushika laki tano anazikuta zote kwake Ijumaa jioni. Siku ya bumu hata wasiosoma wanaijua. Pale Nyegezi Kona chipsi kuku zinawahi kuisha. Mwaka wa kwanza kuna jambo jingine: awamu ya kwanza inaweza kuchelewa huku usajili na akaunti vikikamilishwa, kwa hiyo njoo na akiba ya wiki za mwanzo, hata kama jina lako liko kwenye orodha ya waliopata.

Bumu likiingia, lipa kodi ya geto, chumba chako cha kupanga, kwanza. Halafu nenda Mwaloni Kirumba ununue dagaa wakavu wa kutosha, uongeze mchele, unga na mafuta, uviweke chini ya kitanda. Watakucheka, watakuita mama lishe. Lakini mwenye chakula chumbani haijui ile hofu ya siku za mwisho kabla ya bumu jingine, hofu ambayo mtu anakaa mbele ya daftari na hesabu anayoipiga ni ya chapati.

Siku hizo za ukame ndizo zinazowaingiza wanafunzi kwenye kausha damu za simu, ile mikopo ya haraka ya kwenye programu. Unapewa elfu hamsini ndani ya dakika chache, umebonyeza kukubali bila kusoma, na programu imeshachukua namba zote za watu wako. Ukichelewa kulipa, mjomba, mchungaji na mwalimu wako wa sekondari wanatumiwa ujumbe kwamba wewe ni tapeli. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitaja majukwaa na programu 69 zilizokuwa zinakopesha bila leseni. Nimewaona wanaozima simu na kujifungia ndani kwa aibu hiyo, wakaacha na mitihani. Kama umeshaingia, mwambie mtu mzima mmoja wa kwenu leo, asikie kwako kabla hajasikia kwa wakopeshaji. Vitisho vyao vinafanya kazi kwa mtu anayeficha. Na kubeti ili ulipe deni, sina la kuongeza. Hakuna niliyemwona akitoka huko salama.

Wanaojilipia ada wana kalenda yao, na hii haiandikwi kwenye fomu yoyote ya kujiunga. Chuo kinadai fedha mwanzoni mwa muhula, Oktoba, Novemba, kisha Machi au Aprili. Mzazi wa Kwimba au Magu anayetegemea pamba na mpunga anashika fedha kuanzia Mei kuendelea. Mzazi mvuvi wa dagaa wa Ukerewe anafuata giza la mwezi, kwa sababu dagaa wanavuliwa kwa taa, na mbalamwezi ikiwa kali mitumbwi inalala. Baba akikuambia "subiri mwanangu, mwezi uishe," anakueleza tarehe. Basi mwulize fedha inaingia lini, ichukue tarehe hiyo, nenda ofisi ya uhasibu kabla ya wiki ya mitihani, uandike barua ya kuomba kulipa kwa awamu. Hutakubaliwa kila mara. Lakini mwombaji aliyefika mapema na barua na risiti ya malipo ya nusu husikilizwa tofauti na anayekuja analia asubuhi ya mtihani baada ya kukosa kibali. Ukikwama hapo, panda kwa mshauri wa wanafunzi. Ofisi hiyo wengi wanaijua kwa adhabu tu, wakati kazi yake kubwa ni mambo kama haya.

Sasa sapu. Katika vyuo vingi alama za muhula ni 40 na mtihani wa mwisho ni 60, kwa hiyo anguko linaonekana mapema kwa anayetaka kuliona. Ukipata jaribio la kwanza vibaya, nenda kwa mwalimu siku ile ile na karatasi yako mkononi. Na sapu ikija, ikubali kama ilivyo: unarudia mtihani, ukifaulu vyuo vingi vinakuandikia C hata kama ulipata zaidi, unasonga mbele. Wapo wenye kazi nzuri hapa mjini waliobeba sapu mbili tatu. Kinachoua ni kuwaambia nyumbani "nimefaulu zote", kisha likizo unatakiwa urudi chuo kufanya sapu na huna nauli wala maelezo. Mzazi wa huku Usukumani anaweza kufoka siku mbili, ya tatu anauliza unarudi lini. Kusema uongo kunakugharimu likizo nzima.

Jambo jingine la karatasi, na hili naliwekea mkazo: kanuni za mitihani za chuo chako zina kifungu cha kuahirisha mtihani au masomo kwa sababu za kiafya. Kisome wiki ya kwanza, ukiwa mzima. Kawaida maombi yanatakiwa kabla ya mtihani, pamoja na barua ya daktari. Mtu anayeingia kwenye chumba cha mtihani akiwa hajalala siku nne, akajaza kurasa ambazo hata yeye hazielewi, amejifungia mlango ambao ungefunguka kwa barua moja. Kuahirisha mwaka siyo kudisko, yaani kuondolewa chuo kwa kufeli.

Tukija kwenye mwili, kuna makosa mawili ya kanda hii. La kwanza ni kuita kila uchovu msongo. Huku ni Kanda ya Ziwa, malaria ipo mwaka mzima, na kichocho cha tumbo kipo ziwani. Mtu anachoka, kichwa kizito, hana hamu ya kula, anaambiwa "punguza mawazo", kumbe kipimo cha malaria kingetoa jibu kabla chai haijapoa. Pima kwanza. Na wale wanaotuliza akili kwa kuogelea pembeni ya majabali, sikilizeni: minyoo ya kichocho hutoka kwa konokono wa ufukweni na kupenya kwenye ngozi, huna haja ya kunywa maji yale ili uugue. Dawa yake ipo, ni ya bei ndogo, ila ukirudi majini unaambukizwa tena. Tuliza akili kwa kupanda mawe au kucheza mpira. Mazoezi yanasaidia kweli, na milima Mwanza haitozi kiingilio.

La pili ni "vidonda vya tumbo". Kila mwenye kiungulia kabla ya mtihani anasema ana vidonda vilivyoletwa na mawazo. Vidonda vingi husababishwa na bakteria aitwaye Helicobacter pylori, au na dawa za maumivu kama diklofenaki zinazomezwa ovyo. Mawazo na njaa vinaweza kuzidisha maumivu, lakini bakteria hatoki kwa kupunguza mawazo. Pima, utibiwe.

Kuhusu kukesha nitasema kidogo. Ubongo hupanga ulichojifunza wakati umelala; anayepiga desa (noti za kukariri) mpaka alfajiri kwa kopo la enaji anatia maji kwenye pakacha. Kafeini ya saa nne usiku bado iko mwilini saa tisa usiku. Nusu ya kundi lenu la diskasheni watabisha. Waacheni.

Upweke. Tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025, wanafunzi wa Sengerema na Geita wanarudi kwao kila Ijumaa, hakuna tena kusubiri kivuko. Sijapendezwa sana, nitawaambia ukweli. Anayekimbilia nyumbani kila wiki anafika mwaka wa pili hana mtu mmoja chuoni wa kumgongea mlango akiugua. Wa Ukerewe, ambao meli ya Nansio inawapangia safari, huzoea haraka zaidi. Miezi miwili ya mwanzo baki. Ingia kwaya, timu, kikundi cha dini, chochote chenye watu watakaouliza "fulani mbona haonekani?"

Sasa lile lisilo na karatasi. Huzuni ya kufeli au kuachwa ina kupanda na kushuka. Leo unalia, kesho unacheka kidogo. Sonona, ugonjwa wa huzuni iliyopitiliza, haina kesho hiyo. Ikiwa kwa wiki mbili mfululizo, karibu kila siku, moyo ni mzito au hakuna kinachokupendeza hata kile ulichokipenda, usingizi umekwenda au unalala mchana kutwa, chakula hakishuki, unajiona huna thamani, hapo usisubiri bumu wala likizo. Anza zahanati ya chuo, au hospitali ya wilaya Butimba, au hospitali ya mkoa ya Sekou Toure. Hospitali ya Bugando kuna idara ya magonjwa ya akili, na wanaokaa kwenye foleni yake ni watu kama wewe na mimi, walimu, wafanyabiashara, wanafunzi. Watakupa mazungumzo, au dawa, au vyote. Dawa za sonona huchukua wiki kadhaa kuonyesha nguvu, na watu wengi huziacha siku ya kumi wakisema hazifanyi kazi. Usiziache bila kumwambia daktari. Na usinunue diazepamu duka la dawa ili upate usingizi. Mwili huizoea, kisha unakuwa na matatizo mawili.

Umri wenu pia ndio umri ambao magonjwa mazito zaidi ya akili huanza kujitokeza. Mwenzako akianza kusikia sauti ambazo ninyi hamzisikii, akishuku kwamba chumba kizima kinapanga kumuua, akikaa siku kadhaa bila usingizi na bila kuchoka, ni dharura ya hospitali. Huku kwetu la kwanza kusemwa ni kwamba amerogwa, na gari linakodiwa kwenda kwa mganga. Sitabishana na imani ya familia ya mtu. Ninachowaomba viongozi wa madarasa ni hiki: hospitali iwe kituo cha kwanza, mengine familia itayapanga, maana kila wiki inayopita bila tiba inafanya kupona kuwe kugumu zaidi. Na msimrekodi video. Atapona, atarudi darasani, na ile video itakuwa bado inazunguka.

Mwenzako akisema amechoka kuishi, hata kwa utani, au akaanza kugawa vitu vyake na kuaga, mwulize waziwazi: unafikiria kujiua? Kumwuliza hakumpandikizii wazo; kunamwonyesha kwamba anaweza kulisema. Akijibu ndiyo, usimwache peke yake hata kwa kwenda kununua vocha. Ondoeni chumbani chochote anachoweza kujidhuru nacho, mwiteni mlezi wa hosteli, na mmpeleke hospitali usiku huo huo. Akikuapisha usimwambie mtu, vunja kiapo. Atakukasirikia, na ni sawa.

Ukienda mwenyewe, beba kadi ya bima na kitambulisho, nenda asubuhi, na uwe na mtu mmoja wa kukaa naye kwenye benchi. Wengi wanafika mbele ya daktari, aibu inawashika, wanasema "kichwa kinauma", wanapewa panadoli wanarudi geto. Andika kwenye simu kabla hujatoka: tangu lini silali, nakula mara ngapi, nini nimeacha kufanya, mawazo gani yananijia usiku. Maneno yakigoma, mpe asome. Ukihitaji barua ya kuahirisha mtihani, iombe hapo hapo kabla hujaondoka, hakikisha ina muhuri na tarehe. Darasani si lazima mtu ajue unaumwa nini. Waambie uliugua, inatosha.