Kwa wanaoanza dawati la kimataifa: dhahabu ya Amazoni

Wadogo zangu, wiki hii nimepokea tena habari ya dhahabu ya Amazoni ambayo lidi yake, yaani aya ya kwanza, ni miti iliyokatwa, na Wayanomami, wenyeji asilia wa msitu huo, wanatokea aya ya nane kama "waathirika". Kila kundi jipya linatumbukia humohumo. Tuelewane.

1. Anzeni na watu na haki yao. Ardhi ya Wayanomami, takriban hekta milioni 9.6, Brazil iliitambua rasmi mwaka 1992. Msiandike "mgogoro wa ardhi". Ni uvamizi wa wachimba dhahabu.

2. Fuateni maji. Hapa ndipo mnaponichosha: mnaandika "zebaki ina madhara kiafya", mnaweka nukta. Madhara yapi? Aliyefika Geita au Chunya ameona mchanga ukichenjuliwa kwenye karai, zebaki inashikana na dhahabu, kinabaki kidonge cha rangi ya fedha, kinachomwa, moshi unapaa. Amazoni ni vivyo hivyo. Zebaki inayoingia mtoni hugeuzwa na bakteria wa kwenye tope kuwa sumu kali zaidi. Inaingia kwa samaki wadogo, wakubwa wanawala hao, na samaki mkubwa ndiye anayeishia chunguni. Mama mjamzito akimla, sumu inafika kwenye ubongo wa mtoto aliye tumboni. Watafiti wa Fiocruz, taasisi ya afya ya umma ya Brazil, waliwapima Wamunduruku, wenyeji asilia wengine wa Amazoni wanaoishi kando ya mto Tapajós, wakakuta zebaki kwa kila mmoja. Takriban 6 kati ya 10 walivuka kiwango cha usalama. Wewe samaki wa leo wakikutia shaka, unakwenda soko la Feri kesho. Yule mama soko lake ni mto huohuo.

Na mashimo ya wachimbaji je? Yanajaa maji, mbu wanazaliana, malaria inapanda, baba analala na homa, shamba halilimwi. Januari 2023 serikali ya Lula ilipotangaza dharura ya kiafya kwa Wayanomami, watoto waliokonda mliowaona pichani walikuwa wamepitia huko. Mkiandika njaa mkaacha malaria, msomaji atadhani msitu hauna chakula.

3. Mnukuuni Davi Kopenawa kabla ya ofisa yeyote wa Ulaya. Ni Myanomami, na anaisemea ardhi hiyo tangu miaka ya 1980.

4. Usuli wenu uwe na Haximu, kijiji cha Wayanomami. Mwaka 1993 wachimbaji waliwaua Wayanomami 16 huko, wakiwemo watoto, na mahakama ya Brazil ikawatia wauaji hatiani kwa mauaji ya kimbari. Habari isiyo na aya hiyo nitairudisha, hata kama ukurasa unakaribia kufungwa.