Plagi ya hita katika gari la waya la mwaka 1939

Umeuliza kama gari la waya, yaani gari dogo la mfano la mashindano linalozunguka nguzo likiwa limefungwa kwa waya, linaweza kuwa limetoka kiwandani mwaka 1939 likiwa na plagi ya hita kwenye injini yake, kama muuzaji wake anavyodai. Hapana, haliwezi, kwa sababu plagi hizo, ambazo waya wake uliojikunja huendelea kuwa mwekundu kwa joto bila kuhitaji cheche, zililetwa sokoni na Ray Arden huko Marekani mwaka 1947. Kabla ya hapo injini ndogo za petroli ziliwashwa kwa cheche, na gari lililazimika kubeba betri, koili na kondensa, yaani vifaa vya umeme vya kutengeneza cheche hiyo, mzigo ambao washindani waliutupa bila majuto walipopata njia nyepesi.

Hata hivyo, usilikatae gari lenyewe kwa sababu hiyo pekee, kwani wamiliki wengi walibadilisha plagi na kuondoa vifaa vya cheche tu, wakaacha mengine kama yalivyokuwa. Fungua bodi ya juu uitazame sakafu: matundu ya skrubu yasiyoshika kitu, hasa yakiwa na kivuli cha mstatili pale betri ilipokaa, pamoja na mabaki ya platini (swichi ndogo iliyokata umeme ili cheche itokee) kwenye shafti ya injini, ni dalili nzuri kwamba gari lilizaliwa na mfumo wa cheche. Binafsi huyaamini matundu hayo kuliko rangi, ambayo mtu yeyote mwenye subira anaweza kuipaka upya ikaonekana ya kale.