Miamba ya Bahari ya Kubuni: Maswali ya Wasomaji

Safari hii tunajibu wanaotunga riwaya na kuchora ramani za bahari zisizokuwapo duniani.

SWALI: Katika riwaya yangu kuna duara la nguzo za mawe katikati ya bahari. Mabaharia wanaamini limejengwa na majini. Nataka msomaji agundue mwishoni kwamba ni kazi ya maumbile, ila asijione amechezewa. Nifanyeje? *Msomaji, Tanga*

JIBU: Chagua jiwe kwanza, fumbo lije baadaye. Nguzo zinazoonekana kama zimechongwa ni za basalti, yaani lava iliyoganda. Kule Giant's Causeway, Ireland ya Kaskazini, zipo zipatazo 40,000, na wenyeji walisimulia kwamba jitu Finn McCool ndiye aliyejenga njia ile avuke kwenda Uskochi. Kwa hiyo imani ya mabaharia wako ina mashiko, na wanastahili kuandikwa kama watu wenye akili timamu.

Lava ikipoa husinyaa, na ikisinyaa hupasuka. Nyufa huanzia upande uliotangulia kupoa, zikaingia ndani kuelekea penye joto. Ndiyo maana nguzo husimama wima pale lava ilipotuama bondeni, na hulala pale ilipopoa ubavuni mwa ukuta wa mwamba. Lava iliyopoa taratibu hutoa nguzo nene. Iliyopoa haraka, nyembamba.

Kosa la kawaida ni kuziachanisha, kila nguzo na nafasi yake. Basalti hubanana kama sega la nyuki. Ili upate duara, anza na kilima cha majivu ya volkano. Lava ikizunguke, ituame, igande; kisha bahari iyale yale majivu laini ya katikati, ibaki pete ya nguzo. Acha mwanya mmoja uliobomolewa na mawimbi, la sivyo hakuna mashua itakayoingia.

Sasa dalili za kumpa mhusika wako. Ahesabu pembe. Nguzo nyingi zitakuwa na sita, lakini atakuta za tano na za saba zimechanganyika bila mpango, jambo ambalo fundi wa mawe asingelifanya. Tena nguzo hizi hukatika kwa mapana, uso mmoja umebonyea na mwenzake umevimba. Kipande cha juu kikishaanguka, kilichobaki huwa na kibakuli kinachoshika maji ya bahari. Jua likiyakausha, hubaki utando mweupe wa chumvi. Mwache auguse utando huo, kisha alambe kidole chake.

SWALI: Mwamba wangu huonekana siku chache tu, kisha hupotea. Je, lazima nitumie uchawi? *Msomaji, Mombasa*

JIBU: Hapana. Maji kupwa na kujaa yanatosha, mradi upige hesabu.

Tuchukue mfano wa pwani yetu, ambako siku za bamvua, yaani za maji makubwa, maji hupanda na kushuka karibu mita 4, na kutoka maji kujaa hadi kupwa hupita zaidi kidogo ya saa sita. Gawa mita hizo kwa 12. Saa ya kwanza maji hushuka sehemu 1, ya pili 2, ya tatu 3, ya nne 3, ya tano 2, ya sita 1. Kila sehemu ni kama sentimita 33, kwa hiyo mwendo mkali uko saa ya tatu na ya nne, mita nzima kwa saa. Ikiwa kilele cha mwamba kiko mita 1 juu ya maji yaliyokupwa kabisa, kitachomoza mwisho wa saa ya nne na kumezwa tena saa mbili baada ya maji kugeuka. Una saa nne za kutua, kuchimba hazina na kuondoka. Siku za maji mafu, yanapopanda na kushuka kidogo tu, kupwa kwenyewe huishia juu ya kilele, na mwamba hauonekani kabisa.

Kumbuka pia kwamba maji kujaa huchelewa kama dakika 50 kila siku. Nahodha anayerudi kesho yake saa ileile anakosea.

Ukiongeza mwezi wa pili, hesabu inabadilika. Mwezi wenye uzito uleule, ukiwa nusu ya umbali, huvuta maji mara 8. Mmoja ukizunguka kwa siku 20 na mwingine kwa 30, hupangana mstari mmoja kila siku 30, mara upande mmoja, mara pande zinazokabiliana. Hapo ndipo penye bamvua lako kuu.

Mwamba uliozama hujitambulisha kwa povu. Wimbi la mita 2 huvunjika penye kina cha mita 2 na nusu hivi, kwa hiyo siku ya bahari kali nahodha anauona mapema kuliko siku shwari.

SWALI: Kijiji kinaweza kukaa juu ya mwamba wenye umbo la uyoga? *Msomaji, Dar es Salaam*

JIBU: Kwa muda, ndiyo. Uyoga huo ni wa jiwe la matumbawe, na shingo yake, usawa wa maji, huliwa na chumvi, mawimbi na konokono wanaokwangua mwani pamoja na jiwe lenyewe. Kisiwani Aldabra, Shelisheli, kasi ni kama milimita 1 kwa mwaka. Mwamba wa upana wa mita 12 utabaki na shingo ya mita 6 baada ya miaka 3,000, kwa hiyo usiseme umesimama vilevile tangu dunia iumbwe.

Anguko lenyewe huja ghafla. Azure Window, tao la mwamba la Malta, lilianguka lote katika dhoruba ya tarehe 8 Machi 2017. Darwin's Arch, tao la visiwa vya Galapagos, mwezi Mei 2021 lilipoteza dari tu na kuacha nguzo mbili.

Wakazi wako wajengee birika la kukinga maji ya mvua. Kisima hakitawafaa, kwa kuwa jiwe hilo lina matundu kila mahali na maji ya chumvi yamelizunguka.