Mwalimu wa Sanaa, Anza na Ratiba Kabla ya Rangi

Wiki iliyopita niliingia WhatsApp nikakuta ujumbe wa mwalimu mmoja wa Moshi Vijijini: "Shikamoo mwalimu. Nimepangiwa Sanaa na Michezo darasa la tatu na la nne. Shule haina brashi wala rangi, na mtaaluma (mwalimu anayesimamia taaluma) anasema kipindi hicho nikitumie kurudia Hisabati. Nianzie wapi?"

Marahaba, mdogo wangu. Siku ile nilikujibu kwa kifupi kwa sababu nilikuwa nasahihisha, lakini najua mko wengi mnaotaka watoto wa shule za serikali wachore, wafinyange na wachonge kama wanavyofanya watoto wa shule za kulipia kule Njiro, Arusha. Kwa hiyo nakujibu tena hapa, kwa kirefu.

Kwanza, una silaha ambayo sisi hatukuwa nayo. Mtaala ulioboreshwa, ule ulioanza kutumika Januari 2024, umeiweka Sanaa na Michezo kuwa somo kamili lenye muhtasari wake. Sisi tulifundisha kuchora ndani ya Stadi za Kazi, jicho moja ubaoni na jingine mlangoni, maana ukikutwa watoto wameshika udongo ulionekana umekosa kazi. Wewe huna sababu ya kujificha. Mtaaluma akija kuomba kipindi, usibishane naye mbele ya watoto. Peleka ratiba, azimio la kazi (mpango wako wa kufundisha) na andalio la somo (mpango wa kipindi kimoja) kwa mwalimu mkuu muhula haujaanza, ayasaini, nakala moja ibaki ofisini. Kipindi chenye karatasi iliyosainiwa ni vigumu kukichukua. Kipindi cha mdomo kinaliwa wiki ya pili.

Nasisitiza jambo hili kwa sababu lilinipata. Nilikuwa shule moja pembezoni mwa Jiji la Arusha, tukapewa chumba kilichokuwa na viti vibovu. Tulikisafisha na watoto, tukapaka kuta chokaa, tukafunga kamba kutoka dirisha hadi dirisha na kutundika kazi zao kwa vibanio vya nguo. Watoto waliokuwa watoro walianza kuwahi siku ya kuchora. Kisha nikahamishwa. Muhula uliofuata chumba kikawa stoo ya mahindi, na michoro ile, mama wa jikoni aliniambia mwenyewe, iliwashiwa moto wa uji. Hakuna aliyeuliza. Mpaka leo nikipita barabara ile roho inaniuma, sitadanganya. Kwa wenzangu pale, yale yalikuwa "mambo ya yule mwalimu". Hayakuwa kwenye ratiba wala leja, na hakukuwa na mwalimu wa pili anayeyajua.

Shule niliyopo sasa tumekwenda tofauti. Kila mkasi, kila kopo la gundi, limeandikwa kwenye leja ya stoo kama linavyoandikwa jembe. Kila mtoto ana mkoba wa kazi uliotengenezwa kwa boksi, una jina lake, na mikoba yote inakaa kabatini ofisini. Afisa Elimu Kata akija kukagua, hakuna maelezo marefu. Tunafungua kabati.

Sasa vifaa. Watu wengi wanakwama hapa, na kwa kweli ndipo penye urahisi kuliko pote. Usisubiri rangi za dukani. Chukua kopo la maziwa ya unga lenye mfuniko wa bati, toboa tundu moja dogo mfunikoni kwa msumari. Menya magamba ya vijiti vyembamba vikavu, unene wa penseli, uvipange wima ndani ya kopo vikibanana visicheze. Omba nafasi kwenye jiko la kuni la shule, pembeni ya sufuria ya makande, ukae macho. Moshi utatoka tunduni mweupe na mzito, kisha utapungua. Ukikatika kabisa, toa kopo kwa koleo na uliache lipoe lenyewe. Usifungue likiwa la moto, kwa sababu hewa ikiingia vijiti vinashika moto na unabaki na majivu. Likipoa utatoa kalamu za mkaa laini, nyeusi tititi, za kutosha darasa zima. Mara ya kwanza nilipozigawa, mtoto mmoja aliyekuwa anachora chungu alizungusha kijiti chake kwenye karatasi, akafuta ukingo kwa kidole kivuli kikatokea, akaniita kwa sauti, "Mwalimu, chungu kimekuwa cha mviringo!" Hilo ndilo somo zima la mwanga na kivuli, na limegharimu kuni zilizokuwa zinawaka tayari.

Karatasi? Mifuko ya simenti, ile ya karatasi. Wajenzi wanaitupa. Ifungue mwenyewe nje, si watoto, kung'uta vumbi, futa kwa kitambaa chenye unyevu, chukua tabaka la ndani. Kwenye kaki ile mkaa unakaa vizuri na chaki nyeupe inang'aa. Rangi ya hudhurungi utaipata kwenye udongo wetu mwekundu ukiuchekecha kwa kipande cha khanga na kuuchanganya na gundi nyeupe ya mbao iliyozimuliwa kwa maji. Brashi ni kijiti kilichotafunwa kama mswaki.

La wazazi nalo. Tangu elimu bila ada ianze Januari 2016, usithubutu kumwambia mtoto arudi nyumbani kuleta hela ya rangi. Utaharibu somo na utajiharibia kazi. Omba vitu, tena uombe kwa watu wazima, kupitia kamati ya shule: makopo ya rangi yaliyobaki kwa mafundi, vipande vya hadibodi, maboksi. Na mwalike fundi wa mabango, yule anayeandika majina ya saluni na kuchora vichwa vilivyonyolewa. Ana mkono ambao mimi na wewe hatuna.

Kuhusu watoto wachore nini, nina msimamo mkali. Muhula wa kwanza hakuna twiga, hakuna Mmasai amesimama kwa mguu mmoja, hakuna kunakili picha za maduka ya vinyago. Mchoraji Edward Saidi Tingatinga, mzaliwa wa Tunduru, alianza kuchora Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1960 na rangi ya baiskeli juu ya vipande vya hadibodi. Alibuni. Alifariki mwaka 1972, na tangu hapo wengi wanamnakili tu ili wauzie watalii. Watoto wangu nikiwaambia wachore mlima, wote huchora pembetatu yenye kofia nyeupe, na Meru uko dirishani hapo hapo. Nawatoa nje. Nawaambia wafuate ukingo wa mlima kwa kidole hewani kwanza, wahesabu mabonde, waone pale wingu linapokata. Wakirudi ndani hakuna michoro miwili inayofanana.

Na wewe wa Moshi una hazina ambayo shule yako pengine haijui. Mchoraji Sam Ntiro alizaliwa Machame, mkoa huo huo wako wa Kilimanjaro, mwaka 1923. Alisoma chuo cha Makerere, Uganda, akaenda chuo cha sanaa cha Slade kule London, akarudi kufundisha Makerere, na baadaye akawa balozi wa kwanza wa Tanganyika nchini Uingereza. Alichora watu wa kijijini kwenye kazi zao, migomba, shughuli za kwao. Picha yake ipo kwenye jumba la sanaa ya kisasa la New York. Mtoto wa Machame anapaswa kulijua jina hilo kabla hajajua la mchoraji yeyote wa Ulaya.

Mwaka jana kwenye mahafali ya darasa la saba tulitundika kazi uani, kamba kutoka mti hadi mti. Wazazi walikuja kula pilau, wakajikuta wamesimama mbele ya picha. Baba mmoja, fundi welding, alichukua vipimo na kurudi na fremu za chuma. Mwalimu mkuu, ambaye zamani akiita kazi yetu "mapumziko", alihamisha kipindi cha sanaa kutoka saa nane mchana, watoto wamechoka, hadi asubuhi. Nilifurahi kupita kiasi na sioni aibu kusema.

Walimu wenzangu, tusikubali kuambiwa mtoto wa maskini anatosha akijua kusoma na kuhesabu. Tukisema hatuna vifaa tunawaonea.

Mdogo wangu wa Moshi, wiki hii tafuta mwalimu mmoja hapo shuleni, hata wa Sayansi, umfundishe kutengeneza mkaa wa kopo. Aingie darasani nawe mara chache, ashike ufunguo wa pili wa kabati. Uhamisho hauna hodi, na barua yako ikija yeye aendelee Jumatatu inayofuata. Kisha nitumie picha ya ratiba yenu ikiwa imesainiwa.