Maswali ya Wasomaji: Leseni, Bakshishi na Kaunta ya Baa ya Marekani

Barua nyingi za mwezi huu zimetoka kwa wasomaji wanaofanya kazi katika baa za Marekani, au wenye ndugu huko, au wanaofikiria kuingia katika biashara hiyo. Nilisimama nyuma ya kaunta ya baa moja mjini Chicago kwa miaka 9, na minne kati ya hiyo nilikuwa msimamizi wa zamu. Kwa hiyo nimeomba nizijibu mwenyewe.

Ndugu Mhariri, mimi ni Mkenya na huu ni mwaka wangu wa 11 hapa New Jersey. Nimepata chumba cha biashara ambacho pango lake nalimudu, na nimekwisha kuweka akiba ya kununulia friji, viti na kaunta. Dalali ananiambia kwamba leseni ya vileo peke yake inaweza kunigharimu zaidi ya vitu hivyo vyote kwa pamoja, tena niinunue kwa mtu, si kwa serikali. Je, huu si utapeli? — Msomaji, Newark

Ndugu yangu, dalali amekuambia kweli, ingawa kila karatasi atakayokuletea ni lazima ipite mikononi mwa wakili kabla hujaitia saini. Sheria ya New Jersey imeweka ukomo wa leseni moja ya kuuza vileo vya kunywewa papo hapo kwa kila wakazi 3,000 wa mji. Mji ukishaufikia ukomo huo, anayetaka kufungua baa hana budi kumtafuta mwenye leseni aliye tayari kuiachia, na hapo bei huamuliwa na soko kama inavyoamuliwa bei ya kiwanja. Ziko leseni zilizouzwa kwa mamia ya maelfu ya dola, na katika miji michache bei imevuka milioni moja. Ukomo huo ni wa tangu 1947. Januari 2024, Gavana Phil Murphy alitia saini sheria ya kuulegeza kidogo, hasa kwa kuzirudisha sokoni leseni zilizokaa miaka mingi bila kutumiwa. Basi kabla ya kumlipa mtu yeyote, nenda kwa karani wa mji wako ukaulize kama ipo leseni iliyolala.

Kila jimbo lina utaratibu wake, na ndiyo maana ushauri wa rafiki aliye jimbo jingine unaweza kukupoteza kabisa. Florida nayo ina ukomo wa leseni za pombe kali, na zikiongezeka mpya hutolewa kwa bahati nasibu. New York haihesabu wakazi, lakini ukitaka kuuza pombe kali mahali ambapo pana baa tatu au zaidi ndani ya futi 500, utaitwa kwenye kikao ueleze baa yako itawafaa nini wananchi wa hapo.

Chanzo cha ugumu huu ni historia, na ninaona kila mgeni katika biashara hii anapaswa kuijua. Kabla ya 1920, baa nyingi za miji ya Marekani zilikuwa mikononi mwa viwanda vya bia. Kiwanda kilimlipia mwenye baa pango, kikampa kaunta, vioo na glasi, naye akafungwa asiuze bia nyingine. Chicago bado yapo majengo ya matofali yenye nembo ya tufe la dunia ukutani, alama ya kiwanda cha Schlitz. Moja lilijengwa 1903 na hadi leo ni baa, inaitwa Schubas. Mwenye baa aliyekuwa na deni kwa kiwanda alilazimika kuuza kwa wingi, kwa hiyo kwenye kaunta paliwekwa chakula cha bure, chenye chumvi nyingi, ili mtu aliyeingia na senti 5 ya glasi moja aagize ya pili na ya tatu. Wake na watoto waliokuwa wakiusubiri mshahara nyumbani ndio walioumia, na hasira yao ilichangia sana kuleta Marekebisho ya 18 ya Katiba, yaliyopiga marufuku pombe nchi nzima kuanzia Januari 1920. Marufuku yalipofutwa tarehe 5 Desemba 1933, kila jimbo liliachiwa litunge sheria zake, na mengi yakawatenganisha watu wa ngazi tatu: anayetengeneza, anayesambaza kwa jumla, na anayemuuzia mnywaji. Ndiyo sababu wewe, ukishafungua, kwa kawaida utanunua bia kwa msambazaji mwenye kibali.

Nakusihi jambo moja: mkataba wa pango uwe na kifungu kinachokuruhusu kujitoa iwapo leseni haitahamishiwa kwenye jina lako. Nimeshuhudia familia ikilipia chumba kitupu kwa miezi 7, taa zikiwaka na viti vikiwa bado kwenye nailoni, huku maombi ya leseni yakizunguka ofisini.

Ndugu Mhariri, mwanangu ni mhudumu wa baa huko Louisville, Kentucky. Katika simu ya juzi alinitajia kwamba mwajiri humlipa dola 2.13 kwa saa. Mimi si msomi, lakini najua maisha ya Marekani ni ghali. Mwanangu anadhulumiwa? — Mama, Mwanza

Mama, shikamoo. Kiwango hicho ni halali, ila hakipaswi kuwa mapato yake yote. Sheria ya shirikisho inamruhusu mwajiri kumlipa mfanyakazi anayepokea bakshishi dola 2.13 kwa saa, na kiasi hicho hakijapanda tangu 1991. Lakini mshahara na bakshishi vikijumlishwa kwa wiki, visishuke chini ya kima cha chini cha dola 7.25 kwa saa. Vikipungua, mwajiri ndiye anayepaswa kufidia. Katika majimbo kama California, Washington na Minnesota hesabu hiyo hairuhusiwi, na mhudumu hulipwa kima kamili cha jimbo kabla ya bakshishi. Kentucky haimo katika kundi hilo.

Kwetu bakshishi ni hisani, mtu akipenda hutoa. Kule, mteja anayejua desturi huacha dola 1 kwa kila bia, au asilimia 15 hadi 20 ya bili, na asiyeacha kitu kwa hakika amehudumiwa karibu bure na mtoto wa mtu. Baa ikifungwa, wahudumu hukaa kwenye kaunta iliyokwisha kufutwa, hunyoosha noti zilizolowa bia, huzipanga, kisha hutoa fungu la kijana aliyekuwa akibeba barafu na kuosha glasi usiku kucha. Ijumaa njema yaweza kumpa mhudumu hodari fedha ambazo ofisini angezipata kwa siku tatu. Jumatatu ya theluji huenda akarudi nyumbani na nauli tu. Mimi siupendi mfumo huu, maana unauweka mkate wa mfanyakazi juu ya hali ya moyo ya mgeni.

Mwambie mwanao mambo mawili, Mama. Kwanza, tangu 2018 sheria inakataza wazi mwajiri au meneja kujichukulia sehemu ya bakshishi za wafanyakazi. Kama kuna anayefanya hivyo, hapo ndipo penye dhuluma, na Wizara ya Kazi hupokea malalamiko. Pili, awe na daftari dogo la kuandikia bakshishi za kila siku, kwa sababu zikifika dola 20 kwa mwezi ni lazima amtaarifu mwajiri kwa maandishi kufikia tarehe 10 ya mwezi unaofuata. Sheria ya Julai 2025 inawaruhusu wahudumu wengi kuondoa hadi dola 25,000 za bakshishi katika mapato yanayotozwa kodi ya shirikisho, kwa miaka 2025 hadi 2028, lakini ambazo hazikuripotiwa hazihesabiwi.

Ndugu Mhariri, mimi ni mzaliwa wa Bukavu, nafanya kazi katika baa moja ya Houston. Wiki iliyopita meneja aliniamuru nisimpe kinywaji mzee mmoja, mteja wetu wa kila siku, mwenye fedha mkononi. Mzee alifedheheka mbele za watu, nami niliona aibu. Kwetu mteja ni mfalme na mzee ni mzazi. Kwa nini tumtendee hivyo? — Msomaji, Houston

Swali lako limenigusa, kwa sababu nami nililiuliza katika mwaka wangu wa kwanza. Katika majimbo mengi, mlevi akitoka baa akamgonga mtu barabarani, aliyeumizwa anaweza kuishtaki pia baa iliyoendelea kumpa. Texas sheria inamhusu mtu ambaye, alipokuwa akipewa kinywaji, alikuwa amelewa waziwazi kiasi cha kuwa hatari kwake mwenyewe na kwa wengine. Jimbo hilohilo humpa mwajiri kinga iwapo aliwataka wafanyakazi wapate mafunzo yaliyoidhinishwa, wakayahudhuria kweli, naye hakuwachochea kuvunja sheria. Kwa hiyo meneja wako alikuwa akiilinda baa. Lakini hata kama sheria hiyo isingekuwapo, ningekuambia umnyime.

Penye kosa, nadhani, ni namna ilivyofanywa. Kumkatalia mtu ni kazi ya mikono na sauti zaidi kuliko maneno, nayo huanza mapema, mteja anapoanza kurudia hadithi ileile au kuitafuta pochi yake katika mfuko usio wenyewe. Hapo unapunguza mwendo. Unamletea glasi kubwa ya maji na chakula bila kuulizwa, unahudumia upande mwingine wa kaunta, unarudi baadaye. Ikibidi kukataa, usikatae kwa sauti ya kusikiwa na jirani yake, zunguka kaunta, simama ubavuni mwake kama mwanawe, umwambie, “Mzee, leo imetosha, gari la kukupeleka nyumbani liko njiani.” Tulikuwa na mzee wa namna hiyo Chicago, fundi bomba mstaafu aliyefiwa na mkewe, ambaye kiti chake cha mwisho karibu na dirisha hapana mtu aliyekikalia kabla ya saa 2 usiku. Usiku niliomnyima mara ya kwanza hakunisemesha. Kesho yake aliingia saa ileile, akaketi palepale, akaweka funguo za gari lake juu ya kaunta mbele yangu kabla hajaagiza kitu, na tangu siku hiyo alifanya hivyo kila alipokuja. Mzee wako naye, akirudi, mpokee kwa heshima ileile ya zamani, wala usimkumbushe la wiki iliyopita.

Ndugu Mhariri, nina baa Arusha. Nasikia baa za Marekani hupima kila toti na kuandika kila chupa. Je, kuna faida ya kweli au ni ubahili? — Msomaji, Arusha

Piga hesabu nami. Chupa ya wiski ya mililita 750 hutoa toti 17 za aunsi moja na nusu, yaani mililita 44. Tuseme chupa imenunuliwa kwa dola 24 na toti inauzwa dola 8: kinywaji chenyewe kimegharimu dola 1 na senti 40 hivi, chini ya senti 20 kwa kila dola inayoingia, na hapo ndipo wenye baa wengi hutaka pawe. Sasa mhudumu mkarimu amimine aunsi mbili. Chupa haifikishi toti 13. Nne zimepotea, ambazo ni dola 32, zaidi ya bei ya chupa nzima. Zile senti 80 zinazobaki katika kila dola si faida bado, kwa sababu zinasubiriwa na pango, mishahara, bima ya vileo, na ada za muziki kwa taasisi zinazokusanya malipo ya watunzi wa nyimbo, kama ASCAP na BMI.

Kila Jumatatu asubuhi niliinua chupa moja moja dhidi ya mwanga wa dirisha, nikaandika kilichobaki kwa sehemu za kumi, kisha nikalinganisha na mauzo. Ukarimu haukukatazwa. New York, kwa mfano, ipo desturi ya mhudumu kumpa mteja wa kudumu glasi ya bure baada ya tatu au nne alizolipia, ingawa sheria za majimbo hutofautiana kuhusu vinywaji vya bure. Muhimu ni kwamba iandikwe.

Assalaam alaykum Mhariri. Mimi na mume wangu ni watu wa Mombasa, tunaishi Columbus, Ohio. Tungependa kufungua mahali pa watu kukutana usiku, lakini dini yetu haituruhusu kuuza pombe. Je, mahali kama hapo panaweza kuishi Marekani? — Msomaji, Columbus

Waalaykum salaam, dada yangu. Panaweza, na wakati wenu si mbaya. Katika kura ya maoni ya Gallup ya 2025, ni asilimia 54 tu ya watu wazima wa Marekani waliosema kwamba hunywa pombe, kiwango cha chini kabisa tangu taasisi hiyo ianze kuuliza swali hilo karibu miaka 90 iliyopita. Wayemeni wa Dearborn, Michigan, wamekwisha kuwaonyesha njia: migahawa yao ya kahawa hukaa wazi hadi usiku sana, vijana hujaa humo, na chai yao ya maziwa na iliki mtaitambua kwa harufu kabla hamjafika mlangoni. Hamtahitaji leseni ya vileo, na saa ya kufunga vileo, ambayo California ni saa 8 usiku na New York saa 10, haitawahusu.

Ugumu wenu utakuwa kwenye kiti. Mnywaji wa bia huagiza glasi ya pili baada ya nusu saa, lakini mwanafunzi mwenye kompyuta hukaa saa tatu na kikombe kimoja. Basi uzeni na vya kutafuna: mahamri, kaimati, mbaazi za nazi, viazi karai na ukwaju wake. Meza ziwe ndogo, na iwepo moja ndefu ya kukaliwa na wasiojuana. Kabla ya kukodi, kaeni nje ya jengo mnalolitaka siku ya Ijumaa kuanzia saa 3 hadi saa 6 usiku, mkihesabu wapitao kwa miguu.