Boksi la sentimita 10 linapata wapi umeme wa kuongea na dunia?

SWALI: Jambo, Mhandisi. Mimi ni mwanafunzi wa elektroniki, ninakaa Katuba, hapa Lubumbashi. Nimesoma kwamba satelaiti ya kwanza ya Estonia ilijengwa na wanafunzi, nayo ilikuwa boksi la sentimita 10 kila upande. Kitu kidogo hivyo kinapata wapi umeme wa kutuma picha? Na kama roketi ilikuwa ya wageni, tunaweza kusema kweli satelaiti ni yao?

JIBU: Jambo, ndugu. Satelaiti hiyo ni ESTCube-1 ya Chuo Kikuu cha Tartu, iliyorushwa Mei 2013 kutoka Kourou, Guyana ya Ufaransa, ikiwa na uzito wa kilo 1 na kidogo. Wakaaji wote wa Estonia ni milioni 1.3 hivi, yaani hawafikii wale wa mji wetu.

Tuanze na umeme, maana hapo ndipo penye kazi. Juu ya anga jua linatoa wati 1361 kwa kila mita ya mraba. Upande mmoja wa boksi una sentimita za mraba 100, kwa hiyo unapokea wati 13.6; lakini seli za jua hazifuniki upande wote, na zile nzuri hugeuza kiasi cha asilimia 30 tu, hivyo unabaki na wati 2 na nusu hivi jua likipiga wima. Chaja ya simu ya zamani inatoa wati 5. Tena satelaiti ya namna hiyo huzunguka dunia kwa dakika 98 hivi, na katika kila mzunguko inaweza kukaa gizani zaidi ya nusu saa, ikiishi kwa batri peke yake. Ni kama nyumba ya Katuba yenye paneli moja juu ya bati: taa inawaka, simu inapata chaji, lakini hakuna mtu anayethubutu kuchomeka pasi. Kwa sababu hiyo kompyuta ya ndani hufanya kazi kwa umeme mdogo sana, na redio hutuma kwa nguvu pale tu inapopita juu ya kituo chake cha ardhini.

Kupita huko hakuzidi dakika 10 au zaidi kidogo. Piga hesabu: kwa mwendo wa biti 9600 kwa sekunde, dakika 10 zinaleta kilobaiti 720, tena kabla ya kutoa sehemu inayoliwa na kanuni za mawasiliano. Picha ya simu yako yenye megabaiti 3 ingehitaji kungojea mipito zaidi ya minne. Ndiyo maana kamera ya ESTCube-1 ilikuwa ya pikseli 640 kwa 480 tu, wala si kwa ubahili. Tartu, iliyo kaskazini sana, huona satelaiti inayopita karibu na ncha za dunia mara nyingi kuliko Lubumbashi, kwa kuwa njia zote za satelaiti kama hiyo hukaribiana kule nchani.

Antena nayo ni jambo la kupendeza. Kwenye megahezi 437, robo ya wimbi ni sentimita 17, ndefu kuliko boksi lenyewe. Basi mafundi wengi huchukua chuma chembamba kama cha mita ya seremala, wanakikunja kuzunguka boksi na kukifunga kwa uzi wa kuvulia samaki. Satelaiti ikishatoka kwenye roketi, waya mdogo unapashwa moto, uzi unakatika, na chuma kinajinyoosha chenyewe. Uzi usipokatika, satelaiti inaweza kubaki bubu mpaka mwisho.

Kuhusu roketi, kwangu mimi gari la kukodi haliondoi umiliki wa mzigo. Kazi iliyo yao ni kubuni, kuandika programu, na hasa kuiendesha ikiwa huko juu, mahali ambapo hakuna fundi anayeweza kupanda na bisibisi. Jaribio lake kubwa, la kufungua waya mwembamba wa mita 10 ili kupima tanga la umeme (waya wenye chaji unaosukumwa na chembe zinazotoka kwenye jua), lilishindwa kwa sababu kibiringita cha waya hakikuzunguka. Baadaye seli za jua zilichakaa, umeme ukapungua, na mwaka 2015 kazi ikafungwa.

Ukitaka kuanza, anza na kusikiliza: mita ya seremala, kipande cha mbao na kipokezi kidogo cha redio cha kuchomeka kwenye kompyuta vinatosha kunasa satelaiti zinazopita juu ya Katuba. Kutuma ni jambo jingine. Hapo utahitaji kibali cha ARPTC, mamlaka inayosimamia mawasiliano hapa Kongo, kabla ya kuwasha chochote.