Wamewaacha Wapi Marehemu?

Mhariri,

Swali lenu la wiki liliuliza: je, Ubuddha uliohamia Ulaya na Marekani bado ni dini ile ile ya Asia, au umegeuzwa bidhaa ya kutuliza mawazo? Nililisoma ndani ya basi alfajiri, natoka zamu ya usiku, na nilipofika nyumbani usingizi ulikataa. Mimi si Mbuddha. Ni Mwislamu, mzaliwa wa Tanga, mwaka wa 11 huu niko Uingereza natunza wazee. Lakini mmetonesha kidonda, basi nivumilieni.

Nianze na zabibu.

Mwajiri niliyekuwa naye zamani alituitia mafunzo ya siku moja. Tulikuwa tumelalamika: usiku tulikuwa wawili kwa wazee 28, na wengi wao hawawezi kujigeuza kitandani. Tuliomba mtu wa tatu, tukaletewa mkufunzi. Alikuwa kijana mpole, sina neno naye. Alitugawia kila mmoja zabibu kavu moja, akatuambia tuitazame, tuinuse, tuisogeze sikioni, kisha tuiweke ulimini bila kuitafuna. Halafu tukafumba macho, tukafuata pumzi inavyoingia na kutoka. Akatueleza kwamba njia hii imepimwa hospitalini, inawasaidia wenye maumivu na wenye sonona, na kwamba haina dini ndani yake. Hilo la kutokuwa na dini alilirudia mara tatu.

Jirani yangu kwenye viti vile alikuwa mama mmoja wa Kisinhala, mzaliwa wa Galle, kusini mwa Sri Lanka. Mimi humwita akka, ndivyo kwao wanavyomwita dada mkubwa. Yeye huniita nangi, mdogo wake wa kike. Akka alifundishwa kufuata pumzi na bibi yake, hekaluni, siku za mwezi mpevu, kavaa nguo nyeupe, hajafikisha hata miaka saba. Mkufunzi hakuuliza kama humo chumbani kuna mtu anayeijua njia hii. Akka aliipokea zabibu yake kwa mikono miwili, akafumba macho, akafanya kama alivyoelekezwa.

Nilitoka pale nimefura. Mngeniuliza swali lenu mwaka ule, ningewajibu kwa mstari mmoja: wamechukua cha watu, wamekifuta jina, sasa wanawafundisha wenyewe.

Baadaye nilisoma nikajua kwamba jambo hili halikuanza kwa hila. Jon Kabat-Zinn, aliyeanzisha kozi ya wiki nane ya njia hii mwaka 1979 katika hospitali ya Chuo Kikuu cha Massachusetts mjini Worcester, alikuwa amejifunza kwa walimu wa Kibuddha, na aliyaweka kando maneno ya dini makusudi ili mtu mwenye maumivu yasiyopona, awe Mkristo au asiye na dini, asiogope kuingia darasani. Hapa Uingereza, tangu mwaka 2004, taasisi inayowapa madaktari miongozo imependekeza mafunzo ya aina hiyo kwa watu ambao sonona huwarudia kila mara. Wapo waliopata nafuu, na mgonjwa akipata nafuu mimi ninayeishi na wagonjwa siwezi kubeza. Ila kila nilichokisoma kilizungumzia pumzi, kichwa, usingizi, msongo wa kazi. Hapo ndipo ninapoachana na swali lenu. Ninyi mnauliza kama dini ni ile ile. Mimi nauliza: wamewaacha wapi marehemu?

Nieleze nilikolitoa.

Mama yangu alifariki Tanga mwezi wa Februari 2021. Safari za ndege zilikuwa za shida na karatasi zangu za ukazi zilikuwa zimepelekwa kuhuishwa, kwa hiyo sikumzika. Maziko niliyatazama kwenye simu, mpwa wangu ndiye aliyeishika, mkono unamtetemeka, picha inakatika. Nikatuma pesa ya hitima, siku ya nne nikarudi kazini. Majuma machache baadaye akka naye akafiwa na mama yake huko Galle, naye hakwenda. Tukawa wawili wa namna moja, tunabadilishana zamu, hatusemi sana.

Mwaka ulipotimia akaniambia: nangi, Jumapili napeleka dana kwa ajili ya mama, nisaidie kubeba masufuria. Dana ni sadaka ya chakula wanayopewa watawa. Kwao marehemu hutunzwa kwa sadaka hiyo: siku ya saba, miezi mitatu, mwaka. Sikuhitaji kuelezwa zaidi. Mtu wa pwani anayejua arobaini ni nini, dana anaielewa akiwa amesimama mlangoni.

Tulianza kupika kwake saa kumi alfajiri. Tui la kopo alilikataa, akakuna nazi mwenyewe. Ana kikunio cha kufunga mezani, unazungusha mpini, nazi iliyokunwa inadondoka chini. Mimi niliyezoea kukalia mbuzi nilijisikia kama ninayejifunza kazi upya. Alipika kiribath, wali unaopikwa kwa tui zito mpaka ukashikana, ukasawazishwa kwenye sinia na kukatwa vipande vya mshazari kama halua, ukaliwa na pilipili iliyopondwa na vitunguu na chumvi. Nikamwambia, akka, huu ni wali wa nazi wa kwetu. Akasema hapana, wa kwenu unachambuka, huu haupaswi kuchambuka hata punje moja. Tukabishana juu ya wali mpaka kukapambazuka. Mimi nikapika maharage ya nazi na vitumbua vyenye iliki nyingi, kwa sababu mama yangu alikuwa anatia iliki nyingi. Sikumweleza akka kwa nini. Naye hakuuliza. Aliniongezea iliki tu kutoka kwenye mkebe wake.

Saa nne asubuhi tulikuwa kwenye monasteri moja katikati ya msitu. Kina mama wa Kithai na wa Kisinhala walikuwa wametangulia, vyombo vimefunikwa kanga za kwao, viatu vimepangwa nje. Watawa walipoingia nilishtuka, maana wengi walikuwa Wazungu: vichwa vimenyolewa, majoho ya rangi ya udongo, miguu mitupu juu ya sakafu ya baridi. Akka akaninong'oneza kanuni zao. Hawashiki fedha. Hawaweki akiba ya chakula. Jua likishapita utosini hawali mpaka kesho yake. Na chakula hata kiwe mbele yao, kama hakuna mtu aliyewakabidhi, hawakigusi. Nikawatazama wanaume wale wazima, wenye elimu zao, nikaelewa kwamba wasipoletewa, siku ile wanashinda njaa. Wameyakabidhi matumbo yao kwa akina akka. Kwa miaka yote niliyokaa nchi hii sikuwahi kuwaona wenyeji wakiusubiri mkono wa mgeni namna ile.

Kabla ya kula, mtawa mkubwa, mzee wa Kiingereza mwenye lafudhi ya kaskazini, akamwuliza akka jina la mama yake. Akalitamka, akalikosea. Akka akalisema tena. Akalirudia polepole, mara ya pili, mara ya tatu, mpaka akka akaitikia kwa kichwa. Kisha wote wakaanza kusoma kwa Kipali, lugha ya maandiko yao, kwa sauti moja nzito, na akka akawa anamimina maji kutoka kwenye birika ndogo kuingia kwenye kikombe, taratibu, mpaka kikombe kikafurika na maji yakamwagikia kwenye bakuli lililokuwa chini yake. Maana yake alinieleza tukiwa njiani: kama mito iliyojaa inavyoijaza bahari, ndivyo kinachotolewa hapa kinavyowafikia waliotangulia.

Najua wapo wasomaji watakaouliza nilifuata nini mahali pale. Nilifuata masufuria, na mwenzangu amefiwa. Aliponiuliza kwa ishara kama nami nina jina la kutaja nilikataa, wangu nimemsomea kwa njia yetu. Lakini yale maji yalipofurika, midomo yangu ilikuwa inasoma Fatiha, chini chini, na machozi ambayo hayakutoka Februari ile yakatoka.

Kwa hiyo mnaponiuliza juu ya Ubuddha wa Wazungu, mimi nina mambo mawili mkononi: zabibu na birika. Kwenye zabibu hapakuwa na maiti wala sadaka, palikuwa na mimi peke yangu na pumzi yangu. Kwenye birika palikuwa na mama wa mtu, aliyetajwa jina lake sawasawa.

Nilitaka kuishia hapo na kusema kwamba Magharibi imechagua zabibu. Lakini kadiri ninavyoandika naona halishikiki.

Kwanza, watawa wale walifikaje? Mwaka 1977 mwalimu wa Kithai Ajahn Chah alialikwa London, akamwacha pale mwanafunzi wake, Mmarekani Ajahn Sumedho, na wenzake, wakae katika nyumba ndogo huko Hampstead. Akawaagiza watoke kila asubuhi na bakuli zao za kupokea sadaka ya chakula kama wanavyofanya Thailand, ingawa London hakuna aliyejua bakuli lile ni la nini. Wakatembea. Mwaka 1978 mtu mmoja aliyekuwa akikimbia mazoezi Hampstead Heath akakutana nao, akavutiwa, na mwisho akawapa msitu wake huko West Sussex. Mwaka uliofuata wakahamia jirani na msitu huo, Chithurst, katika jumba bovu lililohitaji kujengwa upya. Huko si kuilegeza dini iwafae wenyeji. Ni kuishika kanuni mpaka wenyeji wajifunze maana yake.

Pili, wale waliojibadilisha hasa hawakuwaacha marehemu wao. Wahubiri wa Jodo Shinshu, madhehebu ya Kibuddha ya Japani, walifika San Francisco mwaka 1899. Katika nchi iliyowachukia waumini wao, mahekalu yale yakaweka mabenchi, kinanda, nyimbo za pamoja na madarasa ya watoto ya Jumapili. Mwaka 1942 serikali ya Marekani ikaanza kuwafungia kambini watu wa asili ya Japani, wapatao 120,000, na ni katika kambi ya Topaz, jimbo la Utah, mwaka 1944, ndipo jumuiya yao ilipojiita Buddhist Churches of America, yaani Makanisa ya Kibuddha ya Marekani. Zamani ningesoma jina hilo nikasema hawa ndio waliopotea kabisa. Kumbe kila kiangazi wanatoka nje ya mahekalu yao na kucheza Bon Odori, ngoma ya kuwakumbuka waliokufa, watoto na wazee kwenye duara moja. Na wale Wamarekani waliorudi kutoka Burma, Thailand na India katika miaka ya 1970 wakafungua vituo vya taamuli, walitunza maneno mengi ya Asia na ukimya wake, lakini ibada za wafu nyingi zilibaki zilikotoka. Ukilitazama jina tu, unaweza kukosea pande zote mbili.

Tatu, na hili akka ndiye aliyenipa. Mwaka 1880 Mmarekani Henry Steel Olcott, kanali wa zamani wa jeshi, alifika Galle akazipokea kanuni tano za Kibuddha hadharani, yaani akaingia dini hiyo, enzi ambazo shule za kisiwa kile zilishikwa na wamisionari. Mwaka 1892 akaanzisha pale Galle shule iitwayo Mahinda, na kaka zake akka wamesoma hapo. Kijana aliyefanya kazi naye, Anagarika Dharmapala, ndiye aliyesimama Chicago mwaka 1893 kwenye mkutano wa dini za ulimwengu kuwaeleza Wamarekani Buddha ni nani, kisha akafungua kituo cha watawa London mwaka 1926. Nilimwuliza akka: sasa nani alimpelekea nani? Akasema, nangi, wewe unahesabu kama mwenye duka.

Hata kwetu Afrika Mashariki mambo yamepindana hivyo. Upanga, Dar es Salaam, lipo hekalu la Wasinhala la tangu enzi za mkoloni, nami nimepita karibu yake mara nyingi bila kuingia. Lakini Bhante Buddharakkhita, mtawa Mganda aliyeujua Ubuddha alipokuwa mwanafunzi India, alivishwa joho California mwaka 2002, na mwaka 2005 akaanzisha kituo chake Uganda, karibu na Entebbe. Safari ya dini ile mpaka Ziwa Viktoria ilipitia Marekani.

Basi jibu langu, Mhariri, ingawa si nililokuja nalo: ndiyo, bado ni dini ile ile, mahali ambapo mtu anasubiri kukabidhiwa na jina la marehemu linaulizwa. Kozi ya zabibu si dini, na wenyewe wanasema hivyo, kwa hiyo nimeacha kuidai kitu isichoahidi. Tena niseme ukweli wote. Usiku ule wa Februari, habari ilipokuja, nilikuwa kazini, nikajifungia kwenye stoo ya shuka na kifua kimebana. Kilichonisimamisha tena kwa miguu yangu ilikuwa pumzi, moja ndani, moja nje, kama alivyotuonyesha yule kijana. Siwezi kuiita kozi ile wizi.

Ila mtu wa tatu wa zamu ya usiku tulimhitaji, na bado nasema tulipaswa kupewa. Na kijana yule alipaswa kumwuliza akka.

Februari ijayo nasoma hitima ya mama hapa nyumbani kwangu. Akka amesema atakuja mapema, na atakuja na kikunio chake.

Msomaji wenu, Uingereza